Shemeji ataka mwanangu alazwe seli hadi maandamano yapite

Mpendwa Mshauri,

Mimi ni mjane mwenye umri wa miaka 49, mkazi wa Nakuru. Ninakuandikia kuhusu kifungua mimba wangu, kijana wa miaka 23 aliyemaliza chuo na ambaye anafanya vibarua vya hapa na pale huku akisubiri kazi ya kudumu. Ni mtoto mtulivu na msaidizi wangu nyumbani, ila tangu mwaka 2024 amekuwa mstari wa mbele katika maandamano ya vijana, na siku hizi yeye na wenzake ndio wanaoyaandaa hapa mjini.

Mwaka jana Saba Saba, yaani Julai 7, siku ya maandamano, iliangukia Jumatatu. Ijumaa iliyotangulia, mwendo wa saa kumi na mbili jioni, maafisa wawili waliovaa nguo za kiraia walimkamata nje ya duka alikokuwa akichapisha mabango. Hawakuwa na waranti, na alipouliza kosa lake aliambiwa tu kwamba angeelezwa mbele ya safari. Nilipofika kituoni nilionyeshwa bahasha ya khaki yenye jina lake, na ndani yake mlikuwa na mshipi, kamba za viatu na simu. Afisa wa zamu alifungua OB, kile kitabu cha matukio cha kituo, nikiangalia. Mahali pa kosa palikuwa pameandikwa neno moja tu, “uchunguzi.” Jumamosi na Jumapili nilimpelekea chai na mkate. Jumatatu jioni, maandamano yalipokwisha, aliachiliwa bila kufikishwa mahakamani na bila kufunguliwa mashtaka yoyote.

Nilikasirika, lakini usiku ule nilipotazama habari na kuona idadi ya waliouawa, nilimshukuru Mungu kwa ajili ya ile seli. Sijawahi kumwambia mwanangu neno hili.

Mwaka huu Saba Saba ni Jumanne. Vijana wamekwisha kumpelekea mkuu wa kituo notisi, na jina la kwanza katika barua hiyo ni la mwanangu. Shemeji yangu, mdogo wa marehemu mume wangu, ni afisa wa polisi. Amekuja nyumbani na pendekezo. Anasema Jumapili usiku wenzake wanaweza kumchukua kijana kimyakimya, akae ndani hadi Jumatano asubuhi, kisha arudi nyumbani bila kesi. Ninachotakiwa kufanya ni kuandikisha taarifa kwamba nimemsikia akisema watachoma ofisi za serikali. Ukweli ni kwamba sijamsikia akisema hivyo. Nilichomsikia akisema, tena kwa simu, ni kwamba “safari hii hatukimbii.” Mama mkwe anaunga mkono mpango huo na ananiambia kwamba mtoto aliye hai hata akikununia, siku moja atakusamehe.

Je, sheria inaruhusu mtu kuzuiliwa kwa usalama wake mwenyewe? Nikikataa, halafu apigwe risasi, nitaishi vipi na nafsi yangu? Shemeji anataka jibu kabla ya Jumapili. Usingizi umenipotea.

Mama Kifungua Mimba, Nakuru

Jibu la Mshauri

Dada yangu mpendwa,

Pole kwa mzigo huu, na asante kwa kuandika bila kuficha jambo, hata lile la kuishukuru seli. Hofu yako haitokani na mawazo tu. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ilihesabu vifo zaidi ya 30 katika maandamano ya Julai 7, 2025. Kwa hiyo sitakuambia kwamba unamhangaikia mwanao kupita kiasi.

Kwa jinsi nilivyokuelewa, umewekwa mbele ya milango miwili tu: ama uandikishe taarifa kijana azuiliwe na awe salama, au ukatae na umwachie risasi. Ningependa tuangalie kama kweli ni miwili, na kama huo wa kwanza unaelekea mahali shemeji anaposema unaelekea.

Nianze na sheria, kwa kuwa ndiyo uliyoiuliza kwanza. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika Kifungu cha 29, inasema hakuna mtu atakayenyimwa uhuru wake kiholela au bila sababu ya haki, na kwamba hakuna atakayezuiliwa bila kesi isipokuwa wakati wa hali ya hatari, ambayo nayo ina masharti makali katika Kifungu cha 58. Hali hiyo ikitangazwa hudumu siku 14 tu kabla Bunge la Taifa kutakiwa kuirefusha, na Mahakama ya Juu ina uwezo wa kuamua kama ilitangazwa kihalali. Maneno haya yana historia ambayo wewe na mimi tunaikumbuka, ingawa mwanao hakuwapo. Mwaka 1990 wanasiasa Kenneth Matiba na Charles Rubia waliitisha mkutano wa Julai 7 katika uwanja wa Kamukunji, Nairobi. Walitiwa kizuizini Julai 4, siku tatu kabla ya mkutano wenyewe, chini ya sheria ya usalama wa umma iliyoruhusu mtu kufungiwa bila kesi. Matiba alipata kiharusi akiwa kizuizini. Saba Saba ambayo mwanao anataka kuiadhimisha ilizaliwa, kwa sehemu kubwa, kutokana na watu kukamatwa kwa ajili ya jambo ambalo bado hawajalifanya.

Hata hivyo si kweli kwamba polisi hawana uwezo wowote wa kuzuia kosa kabla halijatendeka, na atakayekuambia hivyo atakuwa anakudanganya kwa nia njema. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai inamruhusu afisa kumkamata bila waranti mtu ambaye afisa huyo anajua amepanga kutenda kosa la aina inayoruhusu kukamatwa bila waranti, ikiwa hakuna njia nyingine ya kulizuia. Tazama masharti yaliyomo. Lazima pawe na mpango wa kosa fulani, afisa awe anaujua, na kukamata kuwe ndiyo njia pekee iliyobaki. Kupanga maandamano si kosa, kwa sababu Kifungu cha 37 kinampa kila mtu haki ya kukusanyika, kuandamana na kuwasilisha malalamiko kwa amani na bila silaha. Polisi wakihofia tu kwamba mtu atavuruga amani, ile sheria ya mwenendo wa kesi za jinai ina njia ya kumpeleka mbele ya hakimu ili aeleze kwa nini asiwekewe dhamana ya kudumisha amani. Hapo kijana angesikilizwa na uamuzi ungetolewa na mahakama, wala usingefanywa sebuleni kwako.

Sasa rudi kwenye ile taarifa unayotakiwa kuandikisha. Shemeji ameieleza kama jambo dogo la kukamilisha karatasi, lakini kwa maoni yangu ndiyo moyo wa mpango wote. Mwaka jana OB iliandikwa “uchunguzi” kwa kuwa hapakuwa na kosa la kuandika. Mwaka huu pangeandikwa kupanga uchomaji, na shahidi angekuwa mama mzazi. Shemeji anaahidi kwamba hakutakuwa na kesi, na huenda anaamini anachosema. Lakini taarifa ikishatiwa sahihi haimilikiwi tena naye wala nawe. Mkuu mwingine anaweza kuisoma Jumatatu asubuhi akaona ana ushahidi wa kutosha kuomba kijana aendelee kuzuiliwa, au kumfungulia mashtaka mazito, hata ya ugaidi, kama walivyofunguliwa baadhi ya waandamanaji wa mwaka 2025. Ukiitwa kuithibitisha ukasema ulidanganya, kutoa habari za uongo kwa afisa wa umma nako ni kosa la jinai. Na ukisema ulisema kweli, utakuwa umemfunga mwanao kwa maneno ambayo hakuyatamka. Hapo hata shemeji mwenyewe hatakuwa na pa kusimama.

Ngoja pia tupige hesabu yake ya saa, maana imenishangaza kwa ustadi wake. Kifungu cha 49 kinataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani mapema iwezekanavyo, na isizidi saa 24. Saa hizo zikiishia wakati mahakama imefungwa, muda unasogea hadi mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Akikamatwa Jumapili saa mbili usiku, saa 24 zinaishia Jumatatu saa mbili usiku, mahakama zikiwa zimefungwa, na kwa hiyo muda unasogea hadi Jumanne jioni. Siku ya maandamano imeishia ndani! Ndivyo ilivyokuwa mwaka jana pia, kwa kukamatwa Ijumaa jioni na kuachiliwa Jumatatu jioni. Lakini hata kwa hesabu hiyo, Jumatano asubuhi ni nje ya Katiba. Isitoshe, saa 24 ni ukomo, hazikutolewa kuwa ruhusa ya kumweka mtu kwa saa hizo zote bila kazi. Na anayekamatwa ana haki ya kuelezwa sababu papo hapo kwa lugha anayoielewa, kunyamaza, na kuwasiliana na wakili. Kukamatwa kusiko na sababu hakugeuki kuwa halali kwa kuwa kumechukua saa chache.

Uliuliza kama mtu anaweza kuzuiliwa kwa usalama wake mwenyewe. Mwanao ametimiza miaka 18 zamani, ni mtu mzima mbele ya sheria, na ridhaa yako haiwezi kusimama mahali pa ridhaa yake. Kama angekwenda mwenyewe kwa baba mdogo wake akaomba hifadhi, hilo lingekuwa jambo tofauti. Anachopendekeza shemeji ni kumchukua usiku asijue nani amemtoa.

Kuna dhana moja ambayo ningependa kuigusa taratibu, nayo ni kwamba seli ni salama. Mwaka jana mwanao alitoka mzima, na tunashukuru. Lakini mwezi mmoja tu kabla ya siku hiyo, Juni 2025, mwalimu kijana aliyekamatwa Homa Bay alifariki usiku huo huo akiwa mikononi mwa polisi Nairobi, na uchunguzi wa maiti ukaonyesha majeraha ambayo haikuelekea kuwa alijiumiza mwenyewe. Sisemi hivi kukuongezea hofu. Ninasema kwa sababu umekuwa ukipima hatari ya barabarani dhidi ya usalama wa ndani, na ukweli ni kwamba unapima hatari mbili. Shemeji anaweza kumwamini mwenzake wa zamu ya Jumapili, lakini zamu hubadilika.

Kijana naye ana dhana zake za kuulizwa. Huenda anaamini kwamba notisi imemkinga. Notisi ni ya lazima. Sheria ya utaratibu wa umma inataka itolewe kati ya siku 3 na siku 14 kabla, ikitaja jina kamili na makazi ya mwandalizi, na maandamano yafanyike kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Haiombi kibali. Leseni za mikutano ziliondolewa na mageuzi ya mwaka 1997, na kinachoweza kumfanya mkuu wa kituo akatae ni notisi nyingine iliyotangulia ya mahali na wakati ule ule. Lakini karatasi iliyogongwa muhuri haizuii risasi, wala haimzuii mhuni aliyekodishwa kujipenyeza kati yao. Pia jina lake likiwa la kwanza, yeye ndiye atakayetafutwa mambo yakiharibika. Muulize wamepanga vipi kuondoa watu barabarani vurugu zikianza, na nani ameteuliwa kuongea na polisi. Muulize na maana ya “hatukimbii.” Kijana anayeandaa kwa uzito atakuwa na majibu, asipokuwa nayo, swali lenyewe litamfanyia kazi usiku kucha.

Ndiyo maana nadhani kuna mlango wa tatu, ingawa hauna hakikisho. Ni kuongea naye kabla ya Jumapili, na kumweleza pamoja na hofu yako pendekezo la baba mdogo wake. Najua hapa pana hatari. Anaweza kukasirika, akahama nyumbani kwa siku hizo, au akamtangaza ami yake mtandaoni na kuvunja undugu ambao umewabeba tangu baba yake afariki. Unaweza kuchagua kumweleza jambo bila kutaja nani alilileta, japo sidhani atashindwa kukisia. Kwa upande mwingine, akijua kuna mpango wa kumkamata usiku, anaweza kujikinga kwa njia za kisheria ambazo wewe peke yako huwezi kuzitumia kwa niaba yake.

Njia hizo zipo. Mahakama Kuu imewahi kutoa dhamana kwa mtu kabla hajakamatwa, pale ilipoona chombo cha serikali kinatishia haki zake. Kifungu cha 22 kinaruhusu mtu kwenda mahakamani haki yake inapotishiwa, kabla hata haijavunjwa, na hakuna ada ya kufungua kesi ya aina hiyo. Ugumu wake ni muda na ushahidi. Siku ni chache, jaji atataka kuonyeshwa tishio lenyewe, na ushahidi mlio nao ni maneno ya shemeji, ambaye kumtaja kwenye hati ya kiapo ni kumwanika mbele ya wakubwa wake. Wakili wa msaada wa kisheria anaweza kuwaambia kwa haraka kama inafaa kujaribu, na hata mkiamua kutokwenda mahakamani, nambari ya wakili huyo iliyokaririwa kichwani, kwa kuwa simu huchukuliwa kwanza, ni kitu chenye thamani.

Lile la mwaka jana pia halijafa. Kukamatwa bila kuelezwa kosa na kuwekwa ndani hadi maandamano yapite ni jambo mnaloweza kulilalamikia kwa mamlaka huru inayosimamia utendakazi wa polisi, au kuliombea fidia mahakamani chini ya Kifungu cha 23. Wapo watakaokushauri mlifanye sasa ili liwe ngao, na wapo watakaosema litawachokoza waliomkamata. Pande zote mbili zina hoja. Ninachoona mimi ni kwamba mwenye haki ya kuamua hilo ni yeye aliyelala sakafuni siku tatu, nawe una kumbukumbu ya thamani: uliiona OB kwa macho yako. Andika unachokumbuka, tarehe, saa na lile neno moja, kabla halijafifia.

Kuhusu shemeji, sioni kama ni adui. Amebeba hofu ile ile yako akiwa amevaa sare, na pengine amesikia kwenye mikutano ya kazini mambo ambayo hawezi kuyasema sebuleni. Kama utaamua kutoandikisha taarifa, unaweza kumwomba kitu kingine kilicho ndani ya uwezo wake na ndani ya sheria: kijana akikamatwa, akujulishe yuko kituo gani, na ahakikishe jina lake limeingizwa kwenye OB. Kumpata mtu haraka ni nusu ya kazi. Anaweza pia kukaa na mpwa wake amweleze, kama afisa, jinsi siku kama hiyo inavyoonekana kutoka upande wa pili wa kizuizi cha barabara. Sina hakika kama atakubali, lakini pengine kijana atamsikiliza yeye kuliko atakavyokusikiliza wewe.

Kama utaamua kuiandikisha, kwa kuwa uamuzi ni wako na mimi siishi na hofu yako, nakusihi usiandike neno ambalo hukulisikia. Elewa tu kwamba taarifa ya kweli, yaani kwamba kijana ameandaa maandamano na amesema hawatakimbia, haimpi afisa sababu ya halali ya kumfungia mtu usiku wa Jumapili. Shemeji analijua hilo, ndiyo maana alikuletea ile ya kuchoma.

Swali lako la mwisho, la utaishi vipi na nafsi yako, sina jibu lake, na namshuku yeyote anayedai analo. Naweza tu kukuambia kwamba lina pande mbili, na mama mkwe amekuonyesha upande mmoja. Pia unadhani kijana hajui kwamba uliishukuru ile seli. Huenda anajua. Huenda hata yeye, alipoona habari zile Jumatatu usiku, alipitiwa na shukrani hiyo hiyo akaona aibu kuisema kwako. Mkikaa Jumamosi, kabla simu ya shemeji haijalia, hilo ndilo ningeanza nalo kabla ya notisi na kabla ya sheria.

Niandikie baada ya mazungumzo hayo, hata kama hayakwenda vizuri, na kama mtahitaji kuelekezwa kwa wakili wa msaada wa kisheria mlio karibu naye, sema ni lini mnaweza kumwona.

Mshauri wako